Yatima wa porini: simu kwanza, maziwa baadaye

Mahindi yanapoanza kubeba katika vijiji vinavyopakana na Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, wilayani Kilosa, usingizi wa mkulima hupungua. Usiku huwa wa madebe, tochi na moto. Asubuhi huwa ya kuhesabu hasara. Katika hekaheka hiyo, mara moja moja hutokea jambo ambalo halimo kabisa katika hesabu za msimu: kundi limeondoka, lakini mtoto amebaki.

Pengine ni ndama wa tembo aliyetumbukia kwenye kisima cha bustani. Pengine ni mtoto wa swala aliyekutwa kwenye majani wakati wa palizi. Au ni mtoto wa nyani aliyeng'ang'ania mzoga wa mama yake kando ya barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Iringa, ambayo hukatiza ndani ya hifadhi kwa takriban kilometa 50. Dereva anayegonga mnyama katika eneo hilo hutakiwa kulipa faini kulingana na aina ya mnyama. Kwa sababu hiyo wapo wasiosimama, na yatima huachiwa mpita njia au mwanakijiji wa jirani.

Mwanakijiji huyo huona njia nne mbele yake. Anaweza kumwacha mnyama afe, kumchinja kwa kitoweo, kumuuza kwa msafiri anayetamani kufuga kitu cha ajabu, au kumpeleka nyumbani na kumlea. Wenye huruma huchagua njia ya nne, na wengi wao huichagua kimya kimya. Humfungia mnyama kwenye banda la mbuzi, watoto wakampa jina, na siku zikapita. Siku askari wanapofika, hakuna tena anayeuliza habari ya huruma. Linaloulizwa ni moja tu: kibali kiko wapi?

Huruma isiyo na taarifa

Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009 iko wazi. Wanyamapori wote nchini ni mali ya umma, na Rais ndiye mdhamini kwa niaba ya wananchi. Neno "nyara" katika sheria hiyo halihusu pembe na ngozi peke yake. Mnyama mwenyewe, akiwa hai au amekufa, ni nyara. Mtu anayekutwa naye bila kibali anaweza kushtakiwa kwa kupatikana na nyara za serikali, kosa ambalo limewapeleka watu gerezani kwa vifungo vya hadi miaka 20 na zaidi.

Wapo wanaoona kuwa sheria hiyo ni kali kupita kiasi. Ni vyema wakakumbuka ilikotoka. Hesabu za tembo katika mfumo ikolojia wa Selous na Mikumi zilionyesha kuwa mwaka 2009 walikuwapo tembo wapatao 39,000. Mwaka 2013 walibaki wapatao 13,000. Kila jike aliyeuawa akiwa ananyonyesha aliacha ndama ambaye hakuwa na njia ya kuishi. Katika kipindi hicho hicho, Novemba 2010, wanyama hai zaidi ya 100, wakiwemo twiga wanne, walipakiwa kwenye ndege katika Uwanja wa Ndege wa Kimataifa wa Kilimanjaro na kupelekwa Qatar kinyume cha sheria. Baada ya sakata hilo, macho ya dola yalielekezwa kwa kila mtu mwenye mnyama wa porini aliye hai, awe mfanyabiashara mkubwa au mkulima wa ekari mbili.

Ni kweli kwamba sheria inaruhusu ufugaji wa wanyamapori, na tangu mwaka 2020 ziko kanuni zinazoruhusu hata bucha za nyamapori. Lakini shughuli hizo zote ni za leseni. Bucha halali iliyopo mjini haimpi mtu wa Kikwaraza au Ihombwe ruhusa ya kufunga mtoto wa pofu nyuma ya jiko.

Kwa hiyo tofauti kati ya msamaria na mtuhumiwa, katika mazingira haya, haimo moyoni mwa mtu. Imo kwenye taarifa. Aliyetoa taarifa siku ile ile ana ushahidi wa nia yake. Aliyenyamaza wiki mbili ana maneno matupu, hata kama ni ya kweli.

Si kila yatima ni yatima

Kabla hata ya kumgusa mnyama, taarifa ina faida nyingine. Watoto wengi wa swala na wanyama wa jamii yao hawaachwi na mama zao. Wanafichwa. Mama humlaza mtoto kwenye majani marefu, akaenda kula mbali ili harufu yake isiwavute fisi na chui, kisha hurudi mara chache kwa siku kumnyonyesha. Mtoto huyo hulala tuli hata mtu akimsogelea. Mpalizi akimkuta huona kiumbe mnyonge aliyetelekezwa, akambeba. Mama hurudi na kukuta majani matupu. Hapo yatima ametengenezwa na mikono ya watu.

Askari wa wanyamapori mwenye uzoefu, akielezwa vizuri kwa simu, anaweza kutoa jibu linalookoa mnyama bila gharama yoyote: mwacheni alipo, ondoeni mbwa, palilieni upande mwingine, angalieni tena kesho. Jibu hilo halipatikani kwa mtu aliyekwisha kumbeba mnyama hadi nyumbani kisha akaanza kuuliza.

Banda la ng'ombe si hospitali ya pori

Zipo hali ambazo mnyama hawezi kuachwa. Ndama yumo kisimani, mama amekufa barabarani, au giza limeingia na askari yuko mbali. Mwenye shamba akielekezwa kumhifadhi hadi wahusika wafike, anakuwa mlezi wa muda. Usiku huo mmoja una hatari zake, na mfugaji anapaswa kuzijua kwa sababu zinagusa mali yake mwenyewe.

Hatari ya kwanza ni maziwa. Mtu akiona kinywa kinatafuta chuchu, hukimbilia kibuyu cha maziwa ya ng'ombe. Kwa ndama wa tembo, huruma hiyo yaweza kuua. Tumbo lake haliyawezi mafuta ya maziwa ya ng'ombe. Huharisha, hupungukiwa maji na kufa. Nchini Kenya, Daphne Sheldrick alitumia miaka mingi, akipoteza ndama mmoja baada ya mwingine, kabla ya kupata mchanganyiko unaofaa, ambao ulitumia mafuta ya nazi badala ya mafuta ya maziwa. Kilichomchukua mtaalamu miaka mingi hakiwezi kubuniwa jikoni usiku mmoja. Maji safi, kivuli mchana, joto usiku na utulivu ndiyo msaada wa mwanzo. Chakula kisubiri maelekezo ya simu.

Hatari ya pili ni magonjwa. Mikumi ina nyumbu na nyati wengi. Ndama wa nyumbu, hasa katika miezi yake ya kwanza, hutoa virusi ambavyo yeye havimdhuru lakini humletea ng'ombe homa kali isiyo na tiba. Wafugaji wa Kimaasai waliliona hilo zamani, na ndiyo sababu huondoa mifugo malishoni nyumbu wanapozaa. Nyati naye anaweza kubeba vimelea vya jamii ya ndigana kali pamoja na ugonjwa wa miguu na midomo. Mfugaji anayemfunga ndama wa aina hiyo pamoja na ng'ombe wake watano wa maziwa ameweka rehani mtaji wake wote kwa mgeni wa usiku mmoja.

Hatari ya tatu inahusu watu. Mbweha, nguchiro au kicheche mdogo anayekuja mwenyewe karibu na watu bila woga si lazima awe mpole. Huenda ana kichaa cha mbwa. Aliyeumwa au kukwaruzwa aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha aende kituo cha afya bila kusubiri dalili, kwa kuwa dalili zikishaonekana hakuna tiba. Watoto wasiachiwe kumchezea mnyama, na mbwa wafungwe.

Ipo pia hesabu ya fedha. Ndama wa tembo anaweza kunywa lita 10 na zaidi za maziwa maalumu kwa siku, na huyategemea maziwa kwa takriban miaka miwili. Hakuna kaya ya mkulima mdogo inayoweza kubeba gharama hiyo. Mtoto wa swala ana gharama ndogo, lakini akikua dume lenye pembe lililozoea watu huwa hatari kwa familia, na porini hawezi tena kujitunza. Kumlea bila mpango ni kuahirisha kifo chake tu.

Cha kusema, na wa kuambiwa

Taarifa nzuri haihitaji Kiswahili cha ofisini. Inahitaji mambo machache: mahali hasa alipo mnyama, kwa alama zinazojulikana kama daraja, shule au mto, saa aliyoonekana, aina na ukubwa wake kwa kulinganisha na mbuzi au ndama wa ng'ombe, kama ana jeraha, kama mama au kundi limeonekana karibu, na kama amekwisha kupewa chochote kinywani. Hili la mwisho lisifichwe kwa aibu. Aliyempa maziwa aseme amempa maziwa, kiasi gani na saa ngapi, maana tiba itategemea jibu hilo. Picha ya simu ya mkononi, ikiwezekana, inasaidia kuliko maneno mia.

Anayeambiwa kwanza ni mtendaji wa kijiji, kwa sababu yuko karibu na ana kitabu. Taarifa iandikwe tarehe na saa. Kutoka hapo iende kwa Afisa Wanyamapori wa Wilaya, na kwa askari wa hifadhi endapo tukio liko mpakani. Wengi huchanganyikiwa hapa. Ndani ya hifadhi mamlaka ni ya TANAPA. Nje ya hifadhi wapo TAWA na halmashauri ya wilaya. Mkulima si lazima ajue mpaka wa mamlaka hizi unapita kwenye mstari gani wa shamba lake. Kazi yake ni kumfikia mmoja wao, na kazi yao ni kupeana habari.

Mnyama akiwa bado mikononi mwa mlezi, mawasiliano yasikatike. Mtu mmoja achaguliwe kuwa msemaji, ili ofisi isipokee simu tano zinazopingana. Hali ikibadilika, mnyama akikataa maji, akiharisha au akilala bila kuinuka, taarifa itolewe saa hiyo hiyo, hata kama ni habari mbaya. Mnyama akifa, mzoga usizikwe wala kugawanywa kabla ya kuripoti. Mzoga usio na maelezo huzaa kesi.

Siku ya makabidhiano, mlezi asiridhike na ahsante peke yake. Aombe karatasi yenye tarehe, aina ya mnyama, jina na saini ya aliyempokea, na nakala ibaki kwenye kitabu cha kijiji. Mali bila daftari hupotea bila shahidi, kama mfanyabiashara wa duka anavyojua, na mnyama huyu ni mali ya umma.

Simu ni ile ile moja

Hata hivyo, haitakuwa haki kumlaumu mwanakijiji peke yake. Swali gumu lipo upande wa pili: kwa nini watu wanyamaze?

Sababu haiko mbali. Namba anayotakiwa kupiga akiona ndama yatima ndiyo namba aliyopiga tembo walipokuwa kwenye mahindi yake. Kama usiku ule simu iliita bila kupokelewa, au askari walifika siku ya tatu wakati shamba limekwisha kulala chini, hatapiga tena. Kama alijaza fomu ya kifuta jasho na misimu miwili ikapita bila jibu lolote, la ndiyo wala la hapana, hawezi kuamini kwamba ofisi hiyo hiyo itamsikiliza kwa habari ya mtoto wa mnyama aliyemletea njaa.

Kanuni za mwaka 2011 kuhusu kifuta jasho na kifuta machozi ziliweka kiwango kisichozidi shilingi 100,000 kwa ekari ya mazao yaliyoharibiwa, tena kwa ekari zisizozidi tano. Mkulima wa mpunga au miwa wa Ruhembe anaweza kupiga hesabu mwenyewe na kuona pengo lililopo kati ya kifuta jasho na jasho lenyewe. Kwa jina lake, malipo hayo si fidia. Ni pole. Lakini hata pole ikichelewa mno hugeuka kuwa dharau, na mtu aliyedharauliwa hashirikiani kwa moyo.

Katika uchumi, imani ni mtaji kama ulivyo mtaji wa mbegu na mbolea. Hujengwa kidogo kidogo na huliwa kwa mkupuo. Ofisi haiwezi kuwa na akaunti mbili za imani, moja ya tembo waharibifu na nyingine ya ndama yatima. Akaunti ni moja. Kila simu isiyojibiwa msimu wa mahindi ni salio linalopungua, na siku ya yatima hakuna cha kutoa.

Ipo na hofu ya kukamatwa. Mtu anayekwenda mwenyewe ofisini kusema "nina mtoto wa mnyama nyumbani" hapaswi kupokewa kwa pingu. Askari ana wajibu wa kuchunguza, kwa sababu wapo majangili wanaojificha nyuma ya maneno ya huruma. Lakini uchunguzi una lugha yake, na mtoa taarifa ana heshima yake. Akisumbuliwa mmoja mbele ya majirani, kijiji kizima kitajifunza kunyamaza, na yatima watakaofuata watazikwa usiku au kuuzwa barabarani.

Yanayowezekana bila bajeti kubwa

Jirani wa kaskazini ana jambo la kufundisha. Mfuko wa Sheldrick, ulioanzishwa Kenya mwaka 1977 kwa kumbukumbu ya David Sheldrick, aliyekuwa mhifadhi wa Tsavo Mashariki, umelea ndama yatima wa tembo zaidi ya 250 kwa kushirikiana na Shirika la Wanyamapori la Kenya. Ndama hupelekwa kwanza kituo cha Nairobi, kisha Tsavo ambako hurudi porini taratibu. Sifa nyingi huenda kwa walezi wanaolala na ndama hao usiku. Lakini kazi hiyo yote huanza na mtu asiyejulikana, mara nyingi mfugaji au mkulima, aliyeona ndama akatoa habari mapema. Bila habari hiyo, maziwa bora kuliko yote hayana wa kumnywesha.

Kilosa na Mikumi hazihitaji kuanza na kituo cha fedha nyingi. Yapo mambo manne yanayoweza kuanza msimu huu. Kwanza, namba za simu za wahusika zibandikwe kwenye ofisi za vijiji, maduka ya pembejeo, mashine za kukoboa, magulio na vituo vya malori, na awepo mtu wa kuzipokea usiku, kwa kuwa tembo hawafuati saa za kazi. Pili, kila taarifa ipewe jibu, hata kama jibu ni kwamba gari halipo leo. Mkulima anaweza kuvumilia hapana kuliko kimya. Tatu, watendaji wa vijiji wapewe fomu rahisi ya mapokezi na makabidhiano ya mnyama, yenye nakala ya mtoa taarifa. Nne, aliyesalimisha mnyama arudishiwe habari: amepona, amekufa, amerudishwa porini. Ujumbe mmoja wa simu unatosha. Mtu aliyekesha na kiumbe usiku mzima ana haki ya kujua mwisho wake, na akiujua atapiga simu tena.

Wafanyabiashara nao wana sehemu yao. Madereva, wenye maduka na mama ntilie wa Mikumi mjini huona kinachoshushwa na kupakiwa usiku kuliko ofisi yoyote. Wakikataa kuwa soko la watoto wa wanyama, biashara hiyo itakosa pa kusimama, maana hakuna anayemkamata mtoto wa nyani kwa ajili ya kumuuza mahali pasipo mnunuzi.

Hifadhi ya Mikumi ilianzishwa mwaka 1964. Wapo wazee wa Kilosa waliozaliwa kabla yake, na wajukuu wao watalima pembeni mwake baada yao. Ujirani wa namna hiyo hauendeshwi kwa sheria na doria pekee. Unaendeshwa kwa kuitana na kuitikiana. Mkulima aitwe jirani mwema siku anapopiga simu kuhusu ndama kisimani, lakini simu yake ya jana kuhusu mahindi nayo iwe imepokelewa.